Maji ya Dagaa Tuliyokuwa Tunamwaga

Hotuba ya Mwenyekiti siku kikundi kilipotimiza miaka kumi, Msangano

Wenzetu waliotangulia mbele ya haki tunawakumbuka. Na ninyi mliokuja kwa miguu, kwa baiskeli na kwa bodaboda katika joto hili la bonde letu, tunawaambia karibuni sana. Maji ya kunywa yako kwenye pipa pale chini ya mwembe.

Miaka kumi si haba. Tulianza mwaka 2015 tukiwa akina mama 22. Hisa moja ilikuwa shilingi 1,000. Sanduku letu lilikuwa la bati, lina kufuli tatu, na funguo zake zilishikwa na watu watatu wa nyumba tatu mbalimbali, ili asiwepo mtu wa kulifungua peke yake usiku. Wakati ule Wilaya yetu ya Momba ilikuwa bado ndani ya Mkoa wa Mbeya. Mkoa wa Songwe umezaliwa Januari 2016. Kwa hiyo, Ndugu Mgeni Rasmi, kwa heshima zote, kikundi hiki ni dada mkubwa wa Mkoa wetu.

Habari za fedha, hisa, mikopo na mfuko wa jamii ameziandika mweka hazina, na mtazisoma katika kijitabu hiki hiki. Sisi hatutazirudia. Tumeona neno letu liwe juu ya mchuzi mtakaokula leo mchana. Msicheke jamani. Mchuzi ule una historia, na sehemu ya historia ile ni kosa letu. Kikundi kikisifu mema yake tu kwenye sherehe, wale wanaokuja nyuma watajifunza nini?

MKOPO TULIOUKATAA

Ndugu Mgeni Rasmi, mwaka 2017 mama mmoja mwenzetu alisimama kwenye kikao akaomba mkopo wa shilingi laki tatu. Alikuwa mwekaji mzuri, hana faini, hachelewi. Tukamwuliza, mkopo wa nini? Akasema, binti yangu amepata nafasi ya kusomea upishi wa hoteli, nataka ada, sare na nauli.

Sisi tukacheka. Tunasema sisi, maana hakuna hata mmoja aliyemtetea siku ile, hata sisi viongozi. Mmoja akauliza, eti kupika nako kunasomewa? Mwingine akasema, amlete kwangu nimfundishe bure, aje na kuni tu. Tukapiga kura ya mikono. Mkopo ukakataliwa. Kikao hicho hicho tukapitisha mkopo wa mbolea, mkopo wa duka, na mkopo wa mtu aliyetaka kununua mpunga wakati wa mavuno auze bei ikipanda. Hiyo ndiyo tuliyoiita mikopo yenye akili.

Yule mama hakugombana. Alikwenda nyumbani akauza dume mmoja wa kulimia. Ninyi wakulima mnajua maana yake. Plau yetu huku inavutwa na jozi. Ukiuza dume mmoja umeuza jembe zima, maana anayebaki halimi peke yake. Misimu miwili mama yule alilima mpunga kwa jembe la mkono, na eneo lake likapungua hata majirani tukaliona. Mwisho wa mzunguko tulipovunja sanduku tukagawana, akachukua fedha zake, akasema kwaherini, akatoka. Sisi tukasema, ana kiburi.

Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende. Tende letu lilichukua miaka mitatu kuota.

BINTI KURUDI

Binti alisoma, akamaliza, akapata kazi katika jiko la hoteli moja Dar es Salaam. Alianza kwa kuosha masufuria, baadaye akapewa kumenya, baadaye akashika mwiko. Halafu ikaja corona mwaka 2020. Ndege zikasimama, wageni wakakatika, hoteli nyingi zikapunguza watu. Na yeye akapunguzwa. Akarudi Msangano na begi moja, ndani yake visu vitatu vimefungwa kwenye taulo, daftari la mapishi, na chupa moja ya sosi ya soya.

Wakati huo kikundi chetu kilikuwa na mradi wa kupika siku za mnada. Tulikuwa tunapika wali na maharage, na mradi ulikuwa unakufa. Kila mama lishe pale mnadani anapika wali na maharage. Mteja anakwenda kwa yule anayemfahamu, basi.

Binti alipita siku hiyo mnadani akatusalimia kwa adabu, shikamoo mama, shikamoo mama, mpaka akatumaliza wote. Akasimama pale tunapoosha dagaa wa kula sisi wenyewe. Mnajua tunavyofanya. Dagaa wakavu unawamwagia maji ya moto, unawaacha, maji yanakuwa ya rangi, unayamwaga. Tulipoyamwaga akashtuka akasema, "Mama, mbona mmemwaga mchuzi?"

Tukamwambia, hayo ni maji machafu, mwanangu. Akasema hapana. Akasema kule alikotoka kuna mpishi mkuu wake aliyekuwa anawapikia wageni mchuzi mmoja wa pekee, nusu wa Marekani, nusu wa Japani, na nusu ile ya Kijapani ilikuwa maji ya samaki wadogo wakavu kama haya tuliyomwaga. Tukaona huyu mtoto Dar es Salaam imemharibu. Lakini kwa kuwa mradi ulikuwa unakufa, mama mmoja akasema, hebu apike tuone. Asiyeuliza hana ajifunzalo.

KUMBE WOTE NI WALA WALI

Kabla ya kupika alitueleza, na sisi tunawaeleza kama alivyotueleza.

Marekani kuna jimbo linaitwa Louisiana. Liko kusini kabisa, pale mto Mississippi unapoingia baharini. Ni nchi ya joto, ya vinamasi, na wanalima mpunga. Tuliposikia hivyo tukasema, kumbe ni bonde kama letu. Huko kuna watu wanaitwa Cajun. Asili yao ni Wafaransa waliokuwa wamekaa nchi ya Acadia, ambayo leo ni sehemu ya Kanada. Kuanzia mwaka 1755 Waingereza waliwafukuza huko, wakatawanyika, na wengi mwishowe wakafika Louisiana maskini kabisa. Wakajifunza kupika kwa vitu walivyovikuta huko na kwa watu waliowakuta, na miongoni mwa watu hao walikuwemo Waafrika waliopelekwa utumwani.

Mchuzi wao mkubwa unaitwa gumbo. Unakuwa mzito kwa bamia, na bamia ni mmea wa Afrika. Hata jina lenyewe la gumbo inaaminika limetokana na neno la bamia katika lugha za watu wetu wa upande wa magharibi. Wengine huko wanauzidisha uzito kwa unga wa majani makavu ya mti, kama wenzetu wa Dodoma wanavyosaga mlenda mkavu. Yaani bibi zetu walichukuliwa na minyororo, lakini mapishi yao yakashinda, mpaka leo tajiri wa Marekani anakula bamia kwa jina la Kiafrika. Mama mmoja hapa aliposikia hivyo alinyamaza, kisha akasema, basi hilo si pishi la wageni, linarudi nyumbani.

Japani nako ni visiwani, wanakula samaki na wali. Mchuzi wao wa msingi unaitwa dashi. Hauna mafuta. Wanaloweka samaki wadogo wakavu, au magugu makavu ya baharini, wanachemsha kidogo, wanachuja, na maji yale ndiyo wanapikia kila kitu. Mwaka 1908 profesa wao mmoja, Kikunae Ikeda, aliyachunguza maji ya yale magugu, akagundua kuna kitu kinacholeta utamu usio wa sukari, wala si chumvi, wala si uchachu, wala si uchungu. Akauita umami. Sisi hatuna jina lake, lakini ulimi wetu unaujua. Ni ule utamu unaokufanya upanguse sahani kwa tonge la mwisho.

Kwa hiyo Louisiana wanakula wali, Japani wanakula wali, na Msangano tunalima mpunga. Tukaona basi, mlango wa kuingilia upo.

SIKU YA KUPIKA

Ndugu Mgeni Rasmi, siku ya kwanza tuliunguza.

Pishi la Cajun linaanza na unga wa ngano unaokaangwa ndani ya mafuta, kiasi sawa kwa sawa, mpaka ubadilike rangi. Hapo hakuna haraka. Unakoroga kwa mwiko wa mti bila kuacha, karibu dakika arobaini, kwa moto mdogo. Kwanza unakuwa mweupe, halafu rangi ya mchanga, halafu rangi ya karanga zilizokaangwa, mwisho rangi ya chungu kikuukuu. Sisi tumezoea mafiga na moto wa kuni unaowaka. Mmoja wetu akaona moto ni mdogo, akasukuma kuni ndani kwa huruma. Punde si punde unga ukaingia madoa meusi, ukatoa moshi, ukawa mchungu kama mwarobaini. Binti akasema, mwageni. Lita nzima ya mafuta ya alizeti! Kukawa na manung'uniko. Mmoja akasema, unaona sasa, hasara ya kusomea kupika.

Binti hakujibu. Alivuta kuni nje, akabakiza makaa, akaanza upya na mafuta ya mama yake. Safari hii akatupa mwiko sisi, kila mmoja dakika tano, akasema atakayesimamisha mkono ndiye atakayelipa mafuta. Watoto tukawafukuza wote karibu na jiko, maana unga ule ukikurukia unashika kwenye ngozi na haudondoki, unakuunguza mpaka ndani. Rangi ilipofika ya chungu akatupa vitunguu na hoho kwa pamoja. Ikasikika shaa! Vitunguu vina maji, ndivyo vinavyozima ule moto wa mafuta unga usiendelee kuungua. Harufu iliyotoka pale ilileta watu wa upande wa pili wa mnada.

Dagaa alikuwa amewaandaa tangu asubuhi. Kwanza anawachagua, anawatoa kichwa na tumbo, maana uchungu unakaa humo. Halafu anawasuuza upesi kwa maji baridi, kutoa mchanga tu. Hapa aseme mwenye kununua. Dagaa wengi wa Mwanza wanaanikwa chini, mchanga wao ni mwingi, wasuuze mara tatu. Wa Ziwa Tanganyika wanakuwa safi zaidi, ila bei yao mnaijua. Akishasuuza anawaloweka kwenye maji baridi nusu saa, anabandika motoni polepole, yakianza kuchemka anahesabu dakika kumi, anaipua, anachuja. Maji yanakuwa ya rangi ya chai nyepesi. Alitupa kijiko kila mmoja tuonje. Tukatazamana. Miaka yote ile tulikuwa tunakula dagaa na kumwaga dagaa.

Cajun huweka soseji ya moshi. Sisi hatuna. Tukaweka kambale wa moshi wa Ziwa Rukwa, tukamtoa miba, na moshi ukapatikana. Bamia zikakaangwa kidogo pembeni kwanza ili mrenda upungue. Mmoja wetu alitaka kuweka magadi kama tulivyozoea, akakatazwa, kwamba magadi yangeua ule utamu wa maji ya dagaa. Mwisho akadondosha sosi ya soya ya Kijapani kutoka kwenye ile chupa yake.

Chupa ile iliisha baada ya siku tatu za mnada. Hapo ndipo sisi tulipotoa akili yetu, kwa sababu hatutaki mseme tulifundishwa tu. Kununua sosi Tunduma kila mara ni gharama na nauli. Mama mmoja akasema, Wajapani wanataka utamu wa kina, sisi tuna uyoga. Akaleta uyoga mkavu wa miombo, ule tunaoufahamu tangu kwa bibi zetu, akaloweka pamoja na dagaa. Binti alipoonja akacheka, akasema hata Japani wenyewe wanatia uyoga mkavu kwenye mchuzi wao. Basi tangu siku ile hatujanunua sosi. Ila tunaonya: uyoga usioujua usiuguse. Usijaribu kwa ajili ya mchuzi ukaleta msiba.

KUUZA

Siku ya kwanza kuuza tuliandika kwenye ubao: MCHUZI WA MAREKANI NA JAPANI. Tukauza sahani kumi na moja. Watu walikuja, wakasoma, wakauliza kuna nini ndani, wakaenda kula maharage. Mzee mmoja alituambia, wanangu, mimi tumbo langu ni la hapa hapa.

Mnada uliofuata tukafuta, tukaandika: WALI KWA BAMIA, DAGAA NA KAMBALE. Mchuzi ni ule ule, sufuria ni ile ile. Saa saba mchana tulikuwa tunakomba ukoko. Yule mzee alikula sahani mbili.

Kwa mwaka 2021 hesabu yetu ya mnada mmoja ilikuwa hivi. Mchele kilo nane 14,000. Dagaa 9,000. Kambale wa moshi 12,000. Bamia 4,000. Vitunguu, hoho, saumu na pilipili 4,500. Mafuta 6,000. Unga wa ngano 1,500. Kuni na maji 3,000. Jumla 54,000. Tukauza sahani 60 kwa shilingi 1,500, tukapata 90,000. Faida 36,000 kwa siku moja, na wali na maharage ulikuwa haujatupa hata nusu yake. Siku hizi bei zimepanda na sahani imepanda, lakini njia ya hesabu ni hiyo hiyo. Fedha ile ndiyo iliyonunua masufuria makubwa mnayoyaona, na viti hivi mlivyokalia.

TULIPOKWENDA KUOMBA RADHI

Sasa, Ndugu Mgeni Rasmi, tunafika pale ambapo ni pagumu.

Binti alikuwa anatupikia na kutufundisha, na mama yake yuko nyumbani, hayumo kikundini. Alikuwa anapita na ndoo yake ya maji, anasalimia, anakwenda. Tulikuwa tunakula jasho la dume wake. Mwezi wa kwanza tulijifanya hatuoni. Mwezi wa pili mmoja akasema kwenye kikao, jamani, hivi sisi hatuna aibu?

Tukaenda nyumbani kwake, mwenyekiti, katibu na mweka hazina. Akatukaribisha, akatupa vigoda, akatupa maji. Tukasema tulichokwenda kusema, kwamba tulikosea, tunaomba samahani. Alinyamaza muda mrefu akipepeta mchele wake. Halafu akasema, "Mimi sikuhitaji samahani. Nilihitaji laki tatu."

Hatukuwa na jibu, na mpaka leo hatuna.

Tulirudi tukaitisha kikao. Tukakubaliana mambo mawili. La kwanza, binti alipwe kwa siku kama mpishi, si kama mtoto anayesaidia mama zake. La pili, sehemu ya faida ya kila mnada itengwe, ikifika bei ya dume anunuliwe. Ilichukua miezi minane. Dume alipopelekwa mama alimzunguka, akamtazama meno, akasema huyu ni mdogo kuliko wangu. Lakini alimpokea.

Mwisho wa mwaka 2021 alirudi kikundini. Ananunua hisa kila wiki, hakosi. Ila kuna jambo moja tunataka liandikwe kwenye kijitabu hiki. Tangu arudi mpaka leo, hajawahi kuomba mkopo hata wa shilingi elfu kumi. Wakati wa mikopo ukifika, anatazama chini. Tunajua kwa nini.

Mama, uko hapa, umekaa safu ya tatu, na tumekuomba ruhusa kabla ya kusema haya. Mbele ya watu hawa wote tunasema, mlango ule tuliufunga sisi, si wewe. Siku utakayosimama kuomba, hakuna atakayeuliza kwanza ni wa nini kwa sauti ya kucheka.

MAPISHI YENYEWE

Wengi wameomba, kwa hiyo tunayaandika. Ni ya nyumba ya watu wanane.

Chukua vikombe viwili vya dagaa wakavu waliotolewa vichwa na matumbo, konzi moja ya uyoga mkavu unaoufahamu, maji lita tatu, nusu kikombe cha mafuta, nusu kikombe cha unga wa ngano, vitunguu maji vitatu, hoho mbili, punje tano za saumu, kambale wa moshi mmoja wa kiasi, bamia nusu kilo, pilipili, chumvi, na majani ya vitunguu.

Suuza dagaa, waloweke pamoja na uyoga nusu saa. Bandika polepole, chemsha dakika kumi, chuja. Maji weka pembeni. Dagaa usiwatupe. Wakaushe, wakaange mpaka walie, wataliwa juu ya wali. Uyoga katakata.

Kaanga bamia kidogo, weka pembeni. Katika sufuria nzito tia mafuta na unga, koroga kwa moto mdogo mpaka rangi ya chungu. Ukiona doa jeusi, anza upya, usijidanganye. Tia vitunguu, hoho na saumu, koroga mpaka vilainike. Sasa ongeza maji ya dagaa kidogo kidogo huku unakoroga, yasifanye madonge. Yakichemka tia kambale, uyoga na pilipili, acha nusu saa. Tia bamia, acha dakika kumi na tano. Onja ndipo utie chumvi, maana dagaa wana chumvi yao. Nyunyiza majani ya vitunguu, pakua juu ya wali wa Msangano. Kuna wateja wetu wa Nakonde wanaoula kwa nsima, na hatujamkataza mtu.

MAAZIMIO

Ndugu Mgeni Rasmi, tunamaliza. Katika mkutano mkuu wa mwaka huu tumebadili katiba yetu kipengele cha mikopo. Kuanzia sasa mkopo wa kujifunza kazi, iwe ni upishi, ushonaji, udereva au ufundi wa simu, una uzito sawa na mkopo wa shamba na duka. Muda wa kuurejesha tumeuongeza, kwa sababu elimu haivunwi msimu mmoja. Na mwombaji akikataliwa ataandikiwa sababu. Kicheko si sababu.

Binti yetu sasa ana kibanda chake Tunduma. Pale malori yanapanga foleni kungoja kuvuka kwenda Zambia na Kongo, na dereva mwenye njaa hachagui sana, ila akionja cha kwake hurudi. Ameajiri wasichana wawili, mmoja anatoka hapa hapa kijijini kwetu. Leo amefunga kibanda, amekuja tangu jana usiku, ndiye aliyeshika mwiko wa mchuzi mnaousikia harufu yake. Mwanetu, asante. Hatukukulipia ada, ila umetufundisha.

Tunawashukuru viongozi wa kijiji kwa kutupa eneo hili, waume zetu waliokubali leo kuchota maji na kupasua kuni, na wote mliotuchangia. Tunaomba pia tusaidiwe kupata mahali pa kupikia penye paa, maana mvua ikinyesha siku ya mnada mchuzi unaongezeka maji bila sisi kupenda.

Sahani zimeoshwa, mikono tunawishwa kuanzia kwa wazee. Karibuni chakula.

Akina mama, hoyee!
Msangano, hoyee!